Pati za Kuku za Friza kwenye Eafraya: Mwongozo Kamili kwa Jiko la Arusha na Moshi

Pati ya kuku iliyovikwa chenga za mkate ni vitu viwili vinavyopikwa kwa pamoja. Ganda la nje linataka joto kali na hewa kavu ili likauke, ligeuke rangi ya dhahabu na lilie likitafunwa. Nyama ya ndani, iliyotoka friza ikiwa ngumu kama jiwe, inataka muda, joto liingie taratibu mpaka katikati. Eafraya, ile mashine ya mezani inayopika kwa kupuliza hewa moto, ni hodari kwa ganda. Kwa nyama ni ya kawaida tu, na ukiiharakisha huiacha katikati ikiwa baridi huku nje inapendeza. Ukilishika hilo moja, hatua zinazofuata hazitakusumbua.

Naandika nikiwafikiria wanaopika Sakina, Njiro, Tengeru, Pasua na Majengo. Dakika zilizoandikwa nyuma ya boksi mara nyingi zimepimwa kwenye jiko lenye umeme ulio thabiti, tena si kwenye miinuko kama yetu. Zichukue kama mahali pa kuanzia.

Soma boksi kabla ya kuwasha chochote

Zipo pati za aina mbili, na kwa macho huwezi kuzitofautisha. Za kwanza zimepikwa kiwandani mpaka zikaiva. Wewe kazi yako ni kuzipasha na kulikausha ganda. Za pili zina nyama mbichi. Hizi zimepitishwa kwenye mafuta ya moto kwa muda mfupi tu ili chenga zishike, kwa hiyo nje zina rangi ya chakula kilichoiva na ndani hazijaiva hata kidogo. Kwenye boksi tafuta maneno ya Kiingereza "fully cooked" kwa zile zilizoiva, na "raw", "uncooked" au "ready to cook" kwa mbichi. Kama umenunua za kupimiwa kutoka kwenye friza la duka, hazina lebo na muuzaji hana jibu la uhakika, zipike kama mbichi. Hutapoteza kitu zaidi ya dakika chache.

Nalisisitiza hili kwa sababu kuku mbichi anaweza kubeba vijidudu vya salmonela na kampilobakta, na watoto na wazee ndio wanaoumia zaidi. Nchini Marekani milipuko ya salmonela iliyotokana na kuku mbichi aliyejazwa vitu na kuvikwa chenga imekuwa ikiandikwa tangu 1998, na mara nyingi chanzo ni kilekile: mtu aliona rangi ya dhahabu akaamini chakula kimeiva.

Ukiwa bado na boksi mkononi, angalia pia namba za joto. Bidhaa nyingi za nje huandika kwa Farenhaiti. 400 ya boksi la Kimarekani ni karibu nyuzi 204 za Selsiasi, na 375 ni karibu 190. Namba zote za joto kwenye mwongozo huu ni za Selsiasi.

Kutoka dukani mpaka friza ya nyumbani

Chukua pati mwisho kabisa, baada ya kumaliza manunuzi mengine yote. Ibonyeze pakiti kwa vidole: pati ziwe zinachezacheza kila moja peke yake. Zikiwa zimeshikana donge moja, au pakiti imejaa chembe za barafu, kuna uwezekano mkubwa ziliyeyuka zikagandishwa tena. Ganda la pati kama hizo limeshalowa, na hakuna joto litakalolirudisha. Ziache hapohapo.

Mifuko ya plastiki ya kubebea ilipigwa marufuku nchini tarehe 1 Juni 2019, na hii mbadala tunayobebea sasa haizuii joto. Zifungie pati kwenye magazeti mawili matatu, zibananishe na kitu kingine kilichoganda kama kipo, halafu panda bodaboda au bajaji badala ya kusubiri daladala ijaze. Kwa watu wa Moshi hili lina uzito zaidi, kwa kuwa Januari na Februari joto la mchana hupita nyuzi 30. Nyumbani ziingie friza moja kwa moja, kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri.

Mashine na umeme wake

Eafraya ni oveni ndogo yenye feni kali. Waya wa joto uko juu, feni inapuliza hewa hiyo moto kuzunguka chakula, na kikapu chenye matundu kinairuhusu ipite chini pia. Philips waliiuza kwa mara ya kwanza mwaka 2010. Hakuna kukaanga humo ndani: mafuta yanayoonekana kwenye ganda ni yale lililokuja nayo kutoka kiwandani, au uliyolipaka wewe.

Mashine nyingi za nyumbani zinakula wati 1,400 hadi 1,700. Yenye wati 1,500 inavuta karibu ampea 6.5 kwenye umeme wa volti 230, kwa hiyo ichomeke moja kwa moja kwenye soketi ya ukutani. Ekstensheni nyembamba, zile za kuchajia simu na kuwashia redio, hupata moto na kuyeyuka. Kama ndugu amekuletea mashine kutoka Marekani, geuza usome nyuma: ikiandikwa 120V, usiichomeke kabisa. Upande wa LUKU usiogope sana. Wati 1,500 kwa dakika 20 ni nusu yuniti kwa hesabu ya juu kabisa, na matumizi halisi huwa chini ya hapo, kwa sababu waya wa joto hujizima na kujiwasha kila joto linapofika.

Sasa jambo ambalo boksi haliwezi kukuambia. Jioni, kuanzia saa moja hivi, watu wengi wanapowasha majiko na pasi, mitaa mingi umeme unakuwa mdogo. Nguvu ya waya wa joto haipungui kwa kiasi kilekile volti zinavyopungua, inapungua zaidi. Volti zikishuka kutoka 230 hadi 200, mashine ya wati 1,500 inabaki na wati 1,130 hivi, yaani imepoteza karibu robo ya nguvu yake. Kwa hiyo pati zilizoiva vizuri kwa dakika 11 Jumamosi asubuhi zinaweza kutaka 14 au 15 usiku wa siku hiyohiyo. Kama una kifaa cha kulinda friji chenye kuonyesha volti, kitazame kabla ya kuanza. Kama huna, sikiliza feni: ikizunguka kivivu kuliko kawaida, jiandae kuongeza dakika.

Mwinuko nao una sehemu yake, ingawa ni ndogo. Mji wa Arusha uko karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na Moshi iko kati ya 800 na 900. Hewa ikiwa nyepesi hubeba joto pungufu kidogo, na maji huchemka mapema, kwa hiyo pati hupoteza unyevu wake upesi. Kwa Arusha hii inamaanisha usipandishe joto kupita kiasi kwa haraka ya njaa. Utapata ganda kavu na nyama kavu.

Kupika, hatua kwa hatua

Usiziyeyushe pati. Hili ndilo kosa linaloharibu chakula kuliko yote. Barafu iliyo ndani ikiyeyuka taratibu mezani, maji yake yanaingia kwenye chenga za mkate, na ukija kuzipika ganda linateleza na kubaki kwenye kikapu. Zitoke friza, ziingie kwenye mashine.

Anza kwa kuiwasha mashine tupu, nyuzi 200, dakika 4 au 5. Umeme ukiwa mdogo, ziwe 7. Kikapu kikiwa cha moto tayari, upande wa chini wa pati unaanza kukauka papo hapo na haugandi kwenye matundu. Wakati huo iache mashine mbali na ukuta kiasi cha kiganja kimoja, na isiwe chini ya pazia wala karibu na mtungi wa gesi.

Toa pati unazotaka, rudisha zilizobaki friza mara moja, kisha zipake mafuta kidogo sana ya alizeti kwa brashi pande zote mbili. Kwa pati za kiwandani kijiko kimoja cha chai kinatosha pati nne. Chupa ya kupulizia ya kawaida inafaa pia. Zile kopo za mafuta zenye gesi ziepuke, kwa kuwa huacha utando wa kunata unaoharibu rangi ya kuzuia kushika kwenye kikapu.

Panga pati kwa safu moja, zisigusane. Nafasi ya upana wa kidole kati ya moja na nyingine ndiyo njia ya hewa. Mashine ya lita 4 inabeba tatu, pengine nne. Najua familia ya watu sita inasubiri, na inashawishi kuzipanda moja juu ya nyingine, lakini pale zinapogusana hutoka mvuke, na mvuke ni adui wa ganda. Pika kwa awamu. Awamu ya pili huchukua dakika chache pungufu kwa sababu mashine imeshapata moto.

Kwa pati zilizoiva kiwandani, zenye gramu 75 hadi 90 na unene wa sentimita moja na kidogo, weka nyuzi 200 kwa dakika 10 hadi 12. Zigeuze dakika ya 6 kwa koleo la mbao au la silikoni. Usizitoboe kwa uma.

Kwa pati mbichi shuka hadi nyuzi 180, dakika 16 hadi 20, na uzigeuze dakika ya 9. Joto hili dogo linalizuia ganda lisimalize safari kabla ya nyama. Dakika ya 16 zipime, na kama zimefika ndani ila ganda bado limepauka, pandisha hadi 200 kwa dakika 2 za mwisho. Fuata mpangilio huo, usiugeuze: ukianza na joto kali, ganda litakudanganya.

Kupima kama nyama imeiva

Kuku ameiva joto la katikati likifika nyuzi 74. Kipimajoto cha nyama cha ncha ndefu ni kifaa ninachokipendekeza kwa kila nyumba inayopika kuku wa friza, na kwa bei si kitu cha anasa ukilinganisha na mashine yenyewe. Pati ni nyembamba, kwa hiyo usikichomeke kutoka juu. Kiingize kwa ubavuni, kilale, ncha ifike katikati kabisa. Pima iliyo katikati ya kikapu na iliyo nene kuliko zote. Zilizoiva kiwandani nazo zifikishe hapohapo.

Kukihakiki kipimajoto chako, kitumbukize kwenye glasi ya barafu nyingi na maji kidogo: kisome sifuri. Wengi hukihakiki kwa maji yanayochemka, na hapa ndipo watu wa Arusha hutupa vipimajoto vizima. Arusha mjini maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi, na Moshi kwenye 97. Ukikiona kimeishia hapo, ni kizima.

Bila kipimajoto, ikate pati moja katikati. Nyama iwe nyeupe mpaka kiini, isiwe na mng'ao wa waridi, maji yake yawe meupe maangavu, na mvuke utoke. Gusa katikati kwa mgongo wa kisu kisha ukiweke kisu juu ya mkono: kiwe cha moto kweli. Njia hii haina uhakika wa kipimajoto, kwa hiyo pati mbichi ziongezee dakika 2 juu ya pale unapodhani zimeiva.

Umeme ukikatika katikati

Hatua ya kwanza ni kuangalia saa. Kama pati ziliingia dakika 2 au 3 zilizopita na bado ni ngumu, na una jiko la gesi, huna cha kupoteza. Weka kikaango chenye vijiko viwili vya mafuta kwenye moto mdogo, panga pati, funika kwa dakika 6, fungua uzigeuze, halafu malizia bila mfuniko ganda likauke. Kwa pati mbichi muda ni mrefu zaidi, na kipimo ni kilekile cha nyuzi 74. Njia hii inafaa hata kama umeme umekatika dakika ya 10.

Usiziache ndani ya mashine yenye joto la kufa ukisubiri umeme urudi. Kati ya nyuzi 4 na 60 vijidudu huzaliana kwa kasi, na ndani ya kikapu kilichofungwa pati hukaa kwenye joto hilohilo. Usizirudishe friza pia, zikiwa zimeiva nusu.

Upande wa friza yenyewe: iliyojaa, isipofunguliwa, hushika ubaridi kama saa 48, iliyojaa nusu, kama saa 24. Umeme ukirudi, pati zenye chembe za barafu bado zinaweza kugandishwa tena, ingawa ganda litakuwa limepoteza ubora kidogo. Zilizolegea na kupata joto la chumba kwa zaidi ya saa mbili zitupe. Inauma, lakini zitupe.

Ukitaka kutengeneza zako

Hapa ndipo ninapopapenda zaidi, kwa sababu unajua kilichomo. Saga nusu kilo ya nyama ya kuku wa kisasa, paja na kidari pamoja. Kidari peke yake hukauka. Kuku wa kienyeji ana ladha, ila nyama yake ni ngumu kwa kazi hii. Changanya na slesi moja ya mkate iliyoloweshwa kwenye maziwa na kukamuliwa, punje mbili za kitunguu saumu, tangawizi kidogo, pilipili manga, kotimiri, na kijiko kimoja cha chai cha chumvi kisichojaa. Gawa mafungu sita, yabonyeze yawe na unene wa sentimita moja na nusu, katikati pawe pembamba kidogo kuliko kingo. Yapange kwenye trei yenye karatasi na uyaweke friza kwa dakika 40 yakaze.

Chenga za mkate zina siri yake. Pati za kiwandani zimeshapita kwenye mafuta; zako hazijapita, na ukizivika chenga kavu zitatoka zimepauka kama zilivyoingia. Kwa hiyo chukua gramu 150 za chenga za mkate mkavu, zichanganye na vijiko viwili vya chakula vya mafuta ya alizeti, uzikaange kwenye kikaango kikavu ukikoroga mpaka ziwe za dhahabu hafifu. Zipoe. Sasa toa pati, pitisha kwenye unga wa ngano, kung'uta, pitisha kwenye yai lililopigwa, kisha kwenye chenga, na ubonyeze kwa kiganja. Uji mzito wa unga na maji, ule wa kuchovyea bajia, haufai hapa. Feni itaumwaga chini kabla haujashika.

Rudisha kwenye trei zigande kabisa, ndipo uzipakie kwenye kontena kwa tabaka, karatasi kati ya tabaka na tabaka. Andika tarehe. Zina ubora wake kwa miezi mitatu. Na kumbuka hizi ni mbichi siku zote: nyuzi 180, dakika 16 hadi 20, kipimo 74.

Mezani

Zikitoka, ziweke juu ya waya au zisimamishe kwenye ukingo wa sahani kwa dakika 2, hewa ipite chini. Usizitie kwenye hotpoti. Najua hotpoti ndiyo heshima ya meza zetu, lakini dakika 10 za kufunikwa zinatosha kulilowesha ganda lote ulilolihangaikia. Kama wengine wamechelewa, ziache kwenye kikapu, washa mashine nyuzi 80 au kiwango cha chini kabisa ilichonacho, na zisipite nusu saa.

Skonzi laini iliyokatwa katikati na kubabuliwa dakika moja kwenye mashine hiyohiyo, slesi ya parachichi, kabichi iliyokatwa nyembamba na chachandu ya pilipili: hapo watoto hawatakuuliza baga za mjini. Parachichi likiwepo, mayonezi haina kazi. Kachumbari iandae, ila ikamue maji na iwekwe pembeni. Ikikaa juu ya pati italowesha ganda. Mtindi mzito uliokorogwa na kitunguu saumu na limao unafaa sana kwa kuchovyea.

Zilizobaki zipoe, ziingie friji ndani ya saa mbili, na ziliwe ndani ya siku tatu. Za kubeba shule zipoe kabisa kabla ya kufungwa. Kupasha ni nyuzi 170 kwa dakika 4 au 5 mpaka katikati iwe ya moto, na upashe mara moja tu.

Kikapu kioshwe siku hiyohiyo. Chomoa mashine, ipoe, loweka kikapu kwenye maji ya uvuguvugu yenye sabuni kwa robo saa, kisha tumia sponji laini. Stili waya itakwangua rangi na kuanzia hapo kila kitu kitashika. Chenga zilizodondoka chini ya kikapu zitoe zote, maana ndizo zinazoungua na kutoa moshi mara inayofuata. Mara mojamoja igeuze mashine ikiwa baridi na imechomolewa, utazame waya wa joto juu: ukiwa na mafuta yaliyoganda, ufute kwa kitambaa chenye unyevu kidogo na uache ukauke kabla ya kuwasha tena.